Hesabu Ngazi za Mlangoni Mwako

Wasikilizaji, nina ombi moja. Angalia ukuta ulio karibu nawe. Usiangalie juu, penye kalenda na picha ya harusi. Shusha macho mpaka pale ukuta unapokutana na sakafu. Unaona nini? Rangi imetulia, au imefura mapovu kama chapati iliyokutana na moto mkali? Kuna unga mweupe umelala sakafuni? Ukipitisha kidole, plasta inabaki mahali pake au inamwagika kama pumba? Inama kidogo, vuta pumzi. Unasikia harufu gani?

Kama umeuona unga huo, au umeisikia ile harufu ya nguo iliyokunjwa ikiwa mbichi, basi mazungumzo ya leo ni yako. Nataka tuzungumze juu ya maji yanayopita kwenye msingi wa nyumba yakapanda ukutani. Mafundi husema ukuta unapandisha maji, au ukuta unatoa chumvi. Sisi wenye nyumba tuna usemi wetu: "Mwisho wa mwezi nitapaka rangi, Mungu akijalia." Leo naomba nikushike mkono kabla hujafika dukani kununua hiyo rangi.

Nina shangazi yangu anakaa Magomeni, hapa Dar es Salaam. Nyumba yake ni ile ya Kiswahili tunayoijua sote: baraza mbele, ukumbi katikati, vyumba huku na huku, ua nyuma. Chumba cha kwanza mkono wa kulia ndicho chake. Ukuta wa chumba hicho ulianza kutoa chumvi miaka kadhaa iliyopita. Tukachanga, tukapaka rangi ya maji. Masika haikumalizika, rangi ikabanduka. Tukaambiwa tatizo ni aina ya rangi, tupake ya mafuta. Tukapaka. Safari hii haikubanduka upesi, ilifura vipele, na ukikitoboa kipele kwa sindano kinatoa tone la maji. Tukashauriwa tena: wekeni vigae, maji hayapiti kwenye vigae. Tukaweka vigae mpaka kiunoni, vizuri, vinang'aa. Baada ya mwaka unyevu ukatokea juu ya vigae, karibu na dirisha, mahali ambapo haujawahi kufika. Shangazi akaniambia kwa huzuni, "Mwanangu, ukuta huu umefanyiwa husuda."

Tuliutibu ukuta ule mara tatu, na mara zote tatu tuliutibia ndani. Hakuna aliyetoka nje kuangalia. Na hilo, msikilizaji, ndilo jambo langu kubwa la leo, nitalirudia mpaka ulikariri: ugonjwa unaonekana ndani, lakini chanzo chake kiko nje, kiko chini. Fuata maji yanakotoka.

Maji yanapandaje lakini? Maji tunayajua, kazi yake ni kushuka. Chukua kibatari. Mafuta yako chini kwenye kopo, moto uko juu, na hakuna pampu. Nani anayapandisha mafuta? Utambi. Ndani ya utambi mna vijinafasi vyembamba sana, na mafuta hupanda kwenye vijinafasi vyembamba yenyewe. Au tumbukiza ncha ya khanga kwenye ndoo, uende zako. Ukirudi utakuta maji yamepanda kitambaa zaidi ya pale ulipotumbukiza. Sasa tofali la saruji nalo lina vijinafasi vya namna hiyo, tena vingi zaidi ikiwa mfyatuaji alibana saruji ili mfuko mmoja utoe matofali mengi. Simamisha ukuta wa matofali hayo juu ya ardhi iliyojaa maji, nao unageuka utambi. Utakunywa mchana na usiku. Mara nyingi maji hupanda mpaka karibu mita moja, usawa wa kiuno cha mtu, halafu hapo hewa inayakausha.

Hewa inakausha maji, lakini kilichokuwa ndani ya maji kinabaki. Mnajua birika lililochemshia maji ya kisima miaka miwili linavyokuwa ndani? Ukoko mweupe. Basi ukuta nao hujijengea ukoko wake. Hapa pwani chumvi imo ardhini, imo kwenye maji ya visima vingi, na imo kwenye mchanga ikiwa ulichotwa mahali penye maji ya bahari. Chumvi ile ikikauka hujenga fuwele nyuma ya rangi na ndani ya plasta. Fuwele zinakua, zinasukuma, plasta inaachia. Na chumvi ina tabia nyingine, mama zangu mnaijua kuliko mimi: ile chumvi ya jikoni, siku za masika, hulowa ndani ya kopo hata kama hakuna aliyeimwagia maji. Inavuta unyevu wa hewani. Kwa hiyo ukuta wenye chumvi unaweza kutoa jasho siku ya mawingu hata baada ya chanzo cha maji kuzibwa. Na ndiyo maana nakusihi usiuoshe kwa maji. Ukiosha, unairudisha chumvi ndani ikapumzike. Isugue kwa brashi kavu, izoe kwa beleshi la taka, kaitupe.

Sasa tutoke nje. Maji haya yanatoka wapi? Usimwite fundi kwanza. Uchunguzi wa mwanzo unaweza kuufanya mwenyewe kwa vitu ulivyonavyo.

Chukua kipande cha nailoni safi, ukubwa wa gazeti lililofunguliwa. Kibandike ukutani, pembe zote nne, kwa gundi ya karatasi isiyopitisha hewa. Kiache siku moja au mbili. Ukikuta matone yako nyuma ya nailoni, upande wa ukuta, maji yanatoka ndani ya ukuta. Ukikuta matone yako mbele, upande wa chumbani, huo ni unyevu wa hewa: chumba hakipumui, au kuna nguo zinakaushiwa humo, na dawa yake ni dirisha. Kipimo hiki hakigharimu kitu, nacho kinakuepusha na kuchimba bure.

Pili, funga bomba zote za nyumba, uangalie mita ya maji, uandike namba. Asitumie mtu maji kwa saa mbili. Rudi uangalie. Namba imesogea? Basi kuna mahali maji yanavuja, na huenda ni bomba la ardhini linalopita chini ya jamvi la nyumba. Tatu, fuata harufu. Maji ya mvua hayanuki. Kama unyevu uko upande wa choo na unanuka, nenda kafunue chemba, kaangalie karo. Karo lililojaa halisubiri ruhusa, linapenya udongoni mpaka likutane na msingi wako. Nne, subiri mvua inyeshe, kisha toka nje ukiwa na mwavuli. Ndiyo, toka nje wakati inanyesha! Tazama maji ya bati yanadondokea wapi. Bati lisilo na mchirizi humwaga maji yote ya paa kwenye mstari mmoja, karibu na ukuta, na baada ya miaka mstari huo unakuwa mfereji unaolisha msingi. Nyumba ngapi mtaani kwetu zina mchirizi kamili, wenye bomba la kuyapeleka maji mbali? Naziona chache sana. Tumenunua bati za rangi nzuri, tukasahau kipande hicho.

Hayo ni manne. Lakini kuna la tano, nalo ndilo lililonifanya niandike mazungumzo haya, kwa sababu ndilo lililokuwa kwa shangazi na ndilo tusilolitazama.

Hesabu ngazi za mlangoni mwako. Leo zipo ngapi? Na siku nyumba ilipojengwa zilikuwa ngapi?

Mimi nikiwa mtoto, kupanda baraza la shangazi ilikuwa kazi. Ngazi tatu. Tulikuwa tunaruka kutoka juu tukishindana nani atafika mbali. Mwaka juzi nilifika pale nikapiga hatua moja, nikawa barazani. Nilisimama. Ngazi mbili zimekwenda wapi? Hakuna aliyezivunja. Zipo, zimefukiwa. Barabara ya mtaa imemwagiwa moramu masika baada ya masika, greda likapita, mwishoni ikawekwa lami. Jirani wa kushoto alibomoa nyumba ya zamani akajenga mpya. Kwa kuwa anaogopa mafuriko, alileta malori ya kifusi akainua kiwanja chake kabla ya kumwaga msingi. Jirani wa nyuma akafanya vivyo hivyo. Halafu sisi wenyewe, kwa mapenzi yetu, tukauwekea ua wa shangazi vitofali vya sakafu ili asitembee kwenye tope, tukavilaza juu ya mchanga, na mchanga tukauegemeza kwenye ukuta. Nyumba haikushuka. Mtaa ndio uliopanda, na nyumba ikabaki chini, kama iliyo katikati ya bakuli.

Kwa nini ngazi ni muhimu hivyo? Kwa sababu nyumba iliyojengwa vizuri ina mstari usiouona. Fundi akimaliza msingi, kabla ya kupandisha kuta, hutandaza kitu kisichopitisha maji: nailoni nzito, au karatasi ya lami, ile wanayoiita DPC. Mstari huo unayaambia maji: mwisho wako hapa. Nao lazima uwe juu ya ardhi ya nje, angalau sentimita 15, na sehemu zinazotuama maji uwe juu zaidi. Ukirundika udongo, kifusi au sakafu ya ua ukaupita mstari huo, umeyajengea maji daraja. Yanapita pembeni, yanaingia ukutani juu ya kizuizi, na ile nailoni uliyoinunua miaka hiyo inakuwa kama mlinzi anayelinda geti wakati wezi wanaruka ukuta. Na nyumba nyingi za zamani hazina hata hicho kizuizi. Zilikuwa zinaokolewa na urefu wa baraza tu.

Nina neno hapa kwa wanaojenga sasa. Ukiinua kiwanja chako kwa kifusi, mvua haitapungua kwa sababu hiyo. Maji yaliyokuwa yakikaa kwako yatakaa kwa mwingine, na mwingine huyo mara nyingi ni mjane au mzee aliyejenga kabla yako na hana fedha ya malori. Mwaka 2011, mwezi Desemba, bonde la Msimbazi lilipofurika na watu wakahamishiwa Mabwepande, tulijifunza kuogopa mto. Ni sawa. Lakini jirani kumzamisha jirani polepole, kwa kifusi na mtaro ulioishia mlangoni kwa mtu, hilo hatulipigii kelele, na mimi linaniuma. Inua kiwanja, ni haki yako, ila kabla ya lori la kwanza kushusha, kaeni barazani mkubaliane maji yatapita wapi. Mjumbe yupo, serikali ya mtaa ipo. Mtaro mmoja uliochimbwa na nyumba nne kwa pamoja ni rahisi kuliko kesi nne.

Wasikilizaji wa Unguja na Lamu najua mnasema, mbona kwetu kuta za mawe na chokaa zimesimama miaka mia na zaidi bila nailoni? Kweli kabisa. Kuta za Mji Mkongwe ni nene, na chokaa inapumua: maji yanaingia, na maji yanatoka. Ukuta unaloa masika, unakauka kiangazi. Matatizo huja pale mtu anapoona chokaa inadondoka kidogo akaja na plasta ya saruji, ngumu, akaufunika ukuta mzima. Maji yanaendelea kuingia kwa chini lakini njia ya kutokea imezibwa, basi yanapanda juu zaidi kutafuta pengine pa kutokea. Ndivyo vigae vyetu vilivyofanya Magomeni. Tulidhani tumeyazuia maji, kumbe tuliyaonyesha njia ya dirishani.

Haya, umegundua chanzo. Unafanya nini? Nje kwanza, ndani mwisho. Nasema tena: nje kwanza, ndani mwisho. Ziba bomba linalovuja. Nyonya karo. Weka mchirizi kwenye bati, maji yaingie kwenye pipa au simtanki, uyafulie. Kisha rudisha ardhi mahali pake. Ondoa udongo na vitofali vilivyoupita usawa wa jamvi, ulaze ardhi iteremke kutoka kwenye nyumba. Ndani ya mita 3 za kwanza ishuke kama sentimita 15, maji yasipate sababu ya kusimama ukutani.

Ikiwa msingi wenyewe umeloa, itabidi uchimbe pembeni yake. Hapa tulia, sikiliza vizuri. Usimruhusu mtu achimbe mtaro mmoja mrefu ubavuni mwa nyumba nzima siku moja, na asichimbe kupita chini ya kitako cha msingi. Chimba kipande cha mita moja, kimalize, kifukie, ruka, uchimbe kingine. Nyumba inakaa juu ya udongo huo. Ukiuondoa wote kwa mpigo unaitoa nyumba kiti. Msingi ukiwa wazi, usugue, ziba matundu kwa saruji, uache ukauke, upake lami mara mbili, uegemeze nailoni nzito, kisha ujaze kokoto badala ya kurudisha udongo wote. Chini ya kokoto laza bomba lenye matundu linaloteremkia mahali pa chini zaidi. Maji yakija yanakutana na kokoto, yanadondoka kwenye bomba, yanaondoka.

Na kama hakuna mahali pa chini zaidi, kwa kuwa mtaa mzima umekupita? Hali hiyo ipo, na ni ngumu. Wengi huinua sakafu ya ndani. Miguu itakauka, lakini kuta zitaendelea kunywa, na madirisha yataanza kukufika magotini. Ipo pia dawa inayodungwa ukutani kwa matundu yaliyopangwa mstari mmoja, inafanya kizuizi kipya ndani ya tofali. Inasaidia kwa maji yanayopanda kutoka chini. Haisaidii kwa maji yanayosukuma kutoka ubavuni, pale udongo wa nje uko juu ya sakafu yako. Muuzaji akikwambia inasaidia kila kitu, mwombe akuonyeshe nyumba aliyoitibu iliyopita masika mawili.

Baada ya hapo, subira. Ukuta haukauki kwa wiki moja. Kanuni ya zamani ya mafundi ni mwezi mmoja kwa kila inchi ya unene, kwa hiyo tofali la inchi 6 lihesabie nusu mwaka. Ndiyo maana kazi hii ianze masika ikiisha, mwezi Juni, upate miezi mikavu mbele yako. Ng'oa plasta iliyoharibika mpaka nusu mita juu ya pale unyevu ulipofika, uuache ukuta uchi. Wageni watauona, waache wauone. Ukikauka, piga plasta mpya kwa mchanga wa maji baridi. Usikimbilie jipsamu kwenye ukuta wa namna hiyo. Jipsamu ikinywa maji inalainika kama biskuti kwenye chai.

Kuna mambo mawili hayasubiri. La kwanza ni umeme. Soketi iliyo kwenye ukuta ulioloa usiiguse; zima swichi kuu, mwite fundi umeme. La pili ni nyufa. Ufa wa plasta mwembamba kama unywele si wa kukunyima usingizi. Lakini ufa unaopanda kwa ngazi kupitia maungio ya matofali, ulio mpana wa kuingiza sarafu, tena unaopanuka, huo unasema msingi unatembea. Udongo mweusi wa mfinyanzi huvimba ukiloa na kusinyaa ukikauka, na nyumba inacheza nao. Hapo tafuta mhandisi, fundi rangi mwache kwanza. Na kama kuna mtoto mwenye pumu, mhamishe chumba leo hii. Ukungu unaoota kwenye kuta mbichi unaumiza kifua. Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo mzima juu ya jambo hili mwaka 2009.

Sasa mtaniuliza, shangazi je? Tulianza mwezi Juni mwaka jana. Tuling'oa vitofali vya ua, tukatoa toroli nyingi za mchanga kiasi kwamba vijana wa mtaani walidhani tunachimba kisima. Ngazi ya pili ilitokea, na nyuma ya nyumba tuliuona msingi wenyewe, jiwe na saruji, mara ya kwanza tangu nikiwa mtoto. Tulikaa na jirani wa kushoto, akatoa mabomba mawili kwa hiari yake. Vigae tulivibandua. Kisha nilichukua penseli nikachora mstari ukutani pale unyevu ulipoishia, nikaandika tarehe, na kila mwezi shangazi mwenyewe anachora mwingine. Mstari wa kwanza uko usawa wa dirisha. Wa mwezi uliopita, alionipigia simu kunitajia juzi usiku, uko chini ya godoro lake. Anasema amekataa kupaka rangi, anataka kuona utafika wapi.

Basi kama mvua imekatika huko uliko, chukua tochi, toka mlangoni, ukahesabu ngazi. Usiku mwema, wasikilizaji.